Shoka la kuazima

Kamati ya ujenzi ya parokia ninayoitumikia, huku upande wa Mbinga, ina mzee mmoja, mwalimu mstaafu, mwenye tabia ya kusoma kila karatasi anayopewa mpaka pembeni. Siku tulipoletewa ramani ya ukumbi wa parokia, miaka kadhaa iliyopita, sisi wengine tulitazama milango, madirisha na mahali jukwaa litakapokaa. Yeye alivaa miwani, akaanza na maandishi madogo ya Kiingereza yaliyokuwa ukingoni mwa karatasi. Kisha akamgeukia kijana aliyeichora.

"Mwanangu, hapa pameandikwa kwamba ramani hii imetengenezwa kwa programu ya wanafunzi. Wewe bado unasoma?"

Kijana alikuwa amehitimu chuo miaka mitatu kabla. "Hapana, Mwalimu. Naomba radhi, hayo maneno nitayaondoa."

Wiki iliyofuata alirudi na ramani ileile, safi, pembeni hamna kitu. Tulifurahi, tukaipeleka halmashauri kuombea kibali cha ujenzi. Hakuna aliyeuliza maneno yale yameondokaje. Hata mimi paroko sikuuliza.

Nilikuja kujua mwaka uliofuata, kijana alipokuja kukaa nami barazani jioni moja. (Hakuja kitubio. Angekuja kitubio nisingeandika hata herufi moja. Na haya ninayoandika ameniruhusu mwenyewe, mradi nisimtaje jina.) Alinieleza kwamba alipokuwa chuoni alitumia AutoCAD, programu ya kuchorea ambayo kampuni ya Autodesk huwapa wanafunzi na walimu bila malipo, kwa sharti kwamba itumike kujifunzia na kufundishia tu. Matoleo ya wanafunzi ya wakati ule yaliacha alama kwenye karatasi kila ramani ilipochapwa. Mzee wetu alipoiona ile alama, kijana alipata aibu, akaenda kwa rafiki yake mjini, akapewa kwenye flashi nakala iliyochakachuliwa. Maelekezo yalikuwa mafupi: zima intaneti, zima kinga ya virusi, weka programu, na usije ukaihuisha hata siku moja.

Kwa nakala hiyo alikwisha kuchora nyumba za watu, ghala la kahawa, maduka, na ukumbi wetu tunaofanyia semina za ndoa. Lakini kila kioo kilipomwandikia kwamba kuna toleo jipya alibonyeza hapana, na moyo ukamdunda. Akaniuliza, "Baba, hii ni dhambi?"

Nilimjibu upesi, kama tunavyojibu tunapotaka kwenda kula. Nilisema afanye kazi yake kwa uaminifu, hayo mengine Mungu anajua. Jibu lile limenikaa kama mwiba wa mbasa kooni. Leo najaribu kulijibu swali lake upya, na nalijibu hadharani kwa sababu naamini si lake peke yake.

Kazi ya kuchora huku kwetu imeongezeka. Lami imeshuka milima ya Umatengo kutoka Mbinga hadi Mbamba Bay, na Mamlaka ya Usimamizi wa Bandari inajenga bandari mpya pale ziwani. Nyuma ya mambo hayo mawili zinakuja nyumba za wageni, vituo vya mafuta, maghala ya vyama vya msingi vya kahawa, madarasa, zahanati, makanisa ya vigango. Kila kimoja kinahitaji ramani. Kijana mwenye kompyuta mpakato na printa anaweza kufungua kibanda, akatundika bango na kula kwa jasho lake. Ni jambo la kumshukuru Mungu. Ila wengi wa vijana hawa wanaanza maisha ya kazi kwa kitu ambacho hawawezi kumwonyesha mwenye nacho.

Sheria ya nchi haina utata hapa. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, ambayo COSOTA huisimamia, inazilinda programu za kompyuta kama inavyovilinda vitabu. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 nayo inagusa wizi wa kazi za wengine kwa njia ya kompyuta. Lakini sitaki kukaa sana kwenye sheria. Wanaoogopa polisi wanajua kwamba polisi hawaji kukagua kompyuta za kibandani.

Tufungue Kitabu cha Pili cha Wafalme, sura ya 6. Si somo tunalolisikia sana kanisani. Wanafunzi wa manabii walikuwa na shida tunayoijua: mahali pao pa kukaa pamekuwa padogo. Wakaenda Yordani kukata miti ili wajenge, na nabii Elisha akafuatana nao. Mmoja wao alipokuwa akikata, chuma cha shoka kilichomoka kikazama mtoni. Akapiga kelele kwa uchungu. Hakulia kwa sababu ujenzi umesimama, wala kwa sababu nguzo yake haijatimia. Alilia kwa sababu shoka lilikuwa la kuazima. Elisha akatupa kijiti majini, chuma kikaelea, na yule kijana akanyoosha mkono akakichukua.

Huyu alikuwa anajenga nyumba ya manabii, tuseme seminari. Angeweza kusema kazi ni ya Mungu, mwenye shoka atajua mwenyewe. Au angesema mwenye shoka ni tajiri, ana mashoka mengine. Katika kelele yake simsikii akisema hayo. Kitu cha kwanza kilichomjia kichwani ni mtu asiyekuwepo pale mtoni, ambaye mali yake imezama. Nilipokuwa Seminari Kuu ya Peramiho, mwalimu wetu wa maadili alitukaririsha msemo wa Kilatini, res clamat domino: kitu humlilia mwenyewe. Tulikuwa tukicheka, tukisema mbuzi wa wizi ndiye pekee tuliyemsikia akilia.

Programu hailii. Ndiyo maana ni rahisi. Ukichukua mtumbwi wa mtu pale Liuli, asubuhi haupo ufukweni na kijiji kizima kinajua. Ukinakili programu, ya mwenyewe inabaki palepale, na wewe unayo. Kijana wangu alinitajia jambo hilo, na si hoja ya kipuuzi. Akauliza, "Baba, nimemwibia nini, kama alichonacho bado anacho?"

Namrudisha kwenye kahawa. Mkulima wa Mbinga anaijua biashara ya magoma. Umepungukiwa, mtoto anadaiwa ada, mwenye fedha anakupa kidogo kahawa ikiwa bado mtini. Mavuno yakija anabeba gunia. Shamba lako bado unalo, mibuni iko palepale, hakuna aliyeing'oa. Kilichoondoka ni malipo ya kupalilia, kupogoa na kupulizia dawa mwaka mzima. Tunalalamika juu ya magoma kwenye mikutano ya ushirika mpaka sauti zinakauka, na tuna haki. Programu ya kuchorea nayo ina walioipalilia: watu waliokaa miaka wakiandika, wakijaribu, wakirekebisha makosa. AutoCAD ilianza kuuzwa mwaka 1982 na mpaka leo inaandikwa. Au tuziulize kwaya zetu. Kwaya inachanga, inakodi studio, inatoa albamu. Baada ya mwezi nyimbo ziko kwenye flashi za madereva wote wa njia ya Songea, na mweka hazina wa kwaya hana hata fedha ya sare. Nimewahi kusikia malalamiko hayo sakristiani kutoka kwa mwanakwaya ambaye kompyuta yake yote, kuanzia Windows mpaka programu ya kuandikia nota, ni ya kuchakachua.

Kuna pia madhara ambayo mteja hayaoni. Nakala ya wizi haihuishwi, kwa hiyo kosa lililokwisha kugunduliwa na kusahihishwa na watengenezaji linabaki kwako. Ramani iliyohifadhiwa kwa toleo jipya mara nyingi haifunguki kwenye toleo la zamani, na ndipo unapotafuta nakala nyingine ya wizi. Kibaya zaidi ni kuzima kinga ya virusi. Mwaka 2012 kampuni ya usalama wa kompyuta ya ESET ilitangaza habari za kirusi kilichoitwa ACAD/Medre.A, kilichotengenezwa mahsusi kwa AutoCAD. Kilienea zaidi Peru, na kiliiba maelfu ya ramani za watu kikazituma kwa barua pepe kwenye anwani zilizokuwa China. Sisemi kililetwa na nakala za wizi. Nasema kijana aliyeagizwa azime kila mlinzi ili programu iingie ameacha mlango wazi, na ndani ya nyumba hiyo kuna ramani za wateja wake.

Sasa niwe mkweli kwa upande wa pili, maana Kanisa nalo limekuwa mkweli. Yohane Paulo wa Pili, katika Centesimus Annus ya mwaka 1991, alifundisha kwamba ujuzi na teknolojia ni aina ya umiliki yenye uzito usiopungua ule wa ardhi. Na papo hapo aliona kwamba watu wengi duniani hawana njia ya kuufikia ujuzi huo. Benedikto wa XVI mwaka 2009, katika Caritas in Veritate, alilaumu nchi tajiri zinazoishikilia haki ya hakimiliki kwa ukali uliopita kiasi, hasa katika mambo ya tiba. Katekisimu, namba 2408, inafundisha kwamba mtu aliye katika hitaji la lazima na la haraka, chakula, malazi au mavazi, ambaye hana njia nyingine, hafanyi wizi anapochukua cha mwingine. Mali ya dunia iliumbwa kwa ajili ya wote.

Je, kijana wangu anaingia hapo? Nimelifikiria sana. Bei ya AutoCAD kamili inayotangazwa Marekani ni takriban dola 2,000 kwa mwaka, kama shilingi milioni 5. Ukimwambia mtu wa kibandani Mbinga alipe kiasi hicho kabla hajapata mteja wa kwanza, umemfungia mlango. Na tangu mwaka 2016 kampuni hiyo haiuzi tena leseni mpya ya kudumu. Unalipa kwa kipindi, ukiacha kulipa programu inasimama. Binafsi naona utaratibu huo ni mzito kwa maskini, na wenye kampuni wana la kujibu mbele ya Mungu. Kama pasingekuwa na njia nyingine yoyote, ningesita kumhukumu.

Lakini njia zipo, na ndizo zinazoniondolea kisingizio. Kuna AutoCAD LT, ndogo, isiyochora vitu kwa pande tatu, lakini inatosha kabisa kwa ramani ya ukumbi. Bei yake ni kama robo ya ile kubwa, na unaweza kulipia kwa mwezi, ule mwezi wenye kazi. Ziko kampuni nyingine zenye programu zinazofanana nayo, baadhi zikiuza leseni unayonunua mara moja. Tena ziko programu ambazo wenyewe wamezitoa bure kwa watu wote, watumie, wanakili, wapeane: FreeCAD, iliyoanza mwaka 2002 na kufikia toleo la 1.0 Novemba 2024. LibreCAD kwa michoro ya kawaida. QGIS kwa ramani za ardhi, ambayo wapimaji wengi wanaijua. Hapa mimi hukumbuka ngoro. Wamatengo walibuni yale mashimo ya mteremkoni yanayozuia udongo kuteremka na mvua, wakarithishana kizazi hadi kizazi, na hakuna aliyemdai jirani ada ya kujifunza. Aliyekupa ngoro alikupa kwa hiari yake, na waliotoa FreeCAD wametoa kwa hiari yao. Kutoka flashi ya rafiki mpaka hapo, tofauti ni ridhaa ya mwenyewe.

Sitadanganya kwamba kuhama ni rahisi. Vidole vimezoea, wateja wanataka faili za aina fulani, na FreeCAD inataka mwezi wa kuumiza kichwa. Kijana aliniambia wiki ya kwanza alitaka kuitupa kompyuta ziwani.

Nimefika sasa kwenye sehemu inayonihusu zaidi, na pengine inayokuhusu wewe unayesoma ukitoka Misa. Kijana alipotuletea bei ya kuchora ukumbi alitaja shilingi 600,000. Kamati yangu ilimshusha mpaka 250,000. Tulimwambia ni kazi ya Kanisa, tukamwambia ni mtoto wetu, tukamwahidi sala. Tulitoka tukijipongeza. Naomba tupige hesabu. LT kwa mwaka ni kama shilingi 1,250,000. Kwa mchoraji mwenye ramani mbili kwa mwezi, kila ramani ingebeba kama shilingi 52,000 za programu. Siku ile ya kikao tulikunywa soda na kula maandazi, na sikumbuki kama mtu alimshusha bei mama wa maandazi. Tulilipia unga wake na mafuta yake bila kusema, kwa kuwa unga tunauona. Kwa mchoraji tulitaka kazi bila unga. Tungemsikiliza vizuri tungejua kwamba bei ile haikuwa na nafasi ya programu halali, na kwamba kwa kuikubali alikuwa anatuambia atakavyoipata.

Kwa hiyo anaponiuliza kama ni dhambi, jibu langu la leo ni ndiyo, na pale ukingoni mwa ramani lilipaswa kuandikwa pia jina la parokia. Yakobo katika barua yake anasema juu ya mishahara ya wavunaji iliyozuiwa, inayopiga kelele hadi masikioni mwa Bwana. Huwa tunaisoma sura hiyo tukiwafikiria matajiri wa mbali.

Kuna suala la malipizi. Zakayo alipompokea Yesu nyumbani aliahidi kurudisha mara nne. Kijana alinisikiliza nikilisema hilo, akaguna, akaanza kuhesabu ramani alizochora. Nikaona uso wake umepauka. Nikamwambia atulie, Bwana hajamjia kama mtoza ushuru. Tulikubaliana mambo ya kuanzia. Nakala ile aliifuta mbele yangu. Kazi ndogo atachora kwa programu za bure. Kazi kubwa atalipia LT miezi ile, na kiasi hicho kitakwenda moja kwa moja kwa wenye haki. Deni la ukumbi wetu nimelichukua mimi na kamati: parokia imemlipia miezi mitatu ya kwanza. Kama hayo yanatosha kwa ramani zote za nyuma, sina uhakika, na sitaki kujifanya nina mizani ya Mungu. Ninajua kwamba alilala usingizi.

Naye, kwa heshima zote, aliniuliza swali moja kabla hajaondoka. "Na kompyuta ya ofisi, Baba?" Kompyuta ya ofisi ya parokia, tunayoandikia vyeti vya ubatizo na barua za kwenda kwa Baba Askofu, fundi mmoja alikuja kuipiga Windows kwa shilingi 15,000. Sikumwuliza ameitoa wapi. Kwa bei hiyo nilijua. Tumenunua leseni sasa, na barua tunaandika kwa LibreOffice, ambayo ni ya bure kwa ridhaa ya wenyewe. Katibu wa parokia alinung'unika wiki mbili kwamba vitufe vimehama mahali.

Mwezi huu tunaanza kanisa la kigango kule chini ziwani, na kijana ameleta ankara. Ndani yake kuna mstari mpya: leseni ya programu ya kuchorea, shilingi 50,000. Mjumbe mmoja amekwisha kunipigia simu kusema mstari huo ufutwe, kwa kuwa makanisa ya vigango vingine yalichorwa bila hicho kitu. Kamati inakutana Jumapili ijayo baada ya Misa ya pili. Mzee wetu ameomba apewe ankara mapema, apate muda wa kuisoma mpaka pembeni.